Hajarudi, Hakurudi: Mwongozo wa Kutunga Uganga wa Maneno Unaopinda Wakati

Mtoto anauliza kibarazani, "Baba amerudi?" Akijibiwa "hajarudi", atakwenda kulala na matumaini yake. Akijibiwa "hakurudi", nyumba nzima itaanza kulia. Majibu hayo mawili yanatofautiana kwa silabi moja tu, -ja- na -ku-, lakini ya kwanza inaacha mlango wazi na ya pili inaufunga.

Ukitaka kutunga hadithi ya ajabu ambamo maneno yanapinda wakati, anzia hapo. Kishawishi kikubwa cha mwandishi chipukizi ni kuazima: mchawi mwenye kofia ndefu, fimbo mkononi, na maneno yenye mlio wa Kilatini. Huna haja ya kuazima. Kiswahili kina vifaa vya wakati vilivyonolewa kwa karne nyingi, na kila msomaji wako anavitumia tangu utotoni bila kufundishwa. Ukitunga kanuni zako kutoka humo, ataziamini kabla hujamweleza.

Katika mwongozo huu nitatumia kisiwa nilichokibuni mwenyewe, nikakiita Kauli. Kichukue kama kielelezo, kisha ujenge chako.

Kwa nini kanuni

Mwandishi wa Marekani Brandon Sanderson aliandika mwaka 2007 wazo ambalo watunzi wengi wa fantasia wanalifuata: uwezo wa mwandishi wa kutatua matatizo ya hadithi kwa uganga unategemea jinsi msomaji anavyouelewa uganga huo. Uganga usio na mipaka huua hadithi. Kama shujaa anaweza kurudi jana na kurekebisha kila kosa, msomaji ataogopa nini?

Ursula K. Le Guin alilijua hilo mapema. Katika riwaya yake *A Wizard of Earthsea* ya mwaka 1968, anayejua jina la kweli la kitu ana mamlaka juu ya kitu hicho. Ni kanuni moja, na riwaya nzima imesimama juu yake. Lakini angalia uganga wake umekaa wapi: umekaa kwenye nomino. Wakati haukai kwenye nomino. Kwetu wakati unakaa ndani ya kitenzi, umebanwa katikati ya mtendaji na tendo. "Nitakusomea" ni neno moja, na ndani yake yumo msemaji, umo wakati, yumo msomewa, na limo tendo. Mtunzi wa Kiswahili amepewa chombo ambacho Le Guin hakuwa nacho katika lugha yake.

Ted Chiang, katika hadithi yake "Story of Your Life" ya mwaka 1998, iliyozaa filamu ya *Arrival* mwaka 2016, alimfanya mwanaisimu ajifunze maandishi ya wageni kutoka anga za mbali hadi akaanza kuyaona maisha yake yote kwa mkupuo, pamoja na kifo cha binti yake. Lugha mpya ilimpa ujuzi, na ujuzi huo ulikuwa mzito kuubeba. Hilo la uzito tutalirudia.

Nyumbani nako njia imekwisha fyekwa. Euphrase Kezilahabi aliuvuruga wakati ulionyooka katika *Nagona* (1990) na *Mzingile* (1991). Said Ahmed Mohamed alimrudisha marehemu katikati ya walio hai katika *Babu Alipofufuka* (2001). Unaingia katika shamba lenye wenyewe, kwa hiyo ingia kwa adabu na usome kazi zao kwanza.

Hatua ya kwanza: ipe elimu hiyo jina

Ukisema "uchawi", msomaji anaona mtu wa usiku na nia mbaya. Ukisema "uganga", anaona mgonjwa na mtu wa kumtibu. "Mazingaombwe" yanamkumbusha kiinimacho cha sokoni. Kila neno limekuja na hukumu yake, nawe huwezi kuivua. Chagua kwa makusudi, au chukua neno la kawaida ulipe kazi mpya. Pale Kauli elimu hii inaitwa uneni, na mwenye nayo ni mneni. Wao hawadhani kwamba wanafanya ajabu. Wanasema wanasema tu, ila kwa uangalifu kuliko wengine.

Hatua ya pili: kipe kila kiambishi kazi moja

Hapa ndipo penye utajiri, basi usiharakishe. Orodhesha viambishi vya wakati na hali, halafu jiulize: kama kingekuwa na nguvu ya kweli, kingefanya nini? Jibu limo katika matumizi yake ya kila siku.

*-li-* hugusa tukio lililokwisha. "Mlango ulifungwa" haisemi kama sasa uko wazi au la. Kwa hiyo mneni wa -li- anaweza kuliona tukio la jana, akasikia sauti na harufu yake, lakini hawezi kulishika.

*-me-* hushika hali. "Mlango umefungwa" maana yake ulifungwa na mpaka sasa uko vile vile. Mneni akisema "kidonda kimepona", kitapona na kuendelea kuwa kimepona maadamu yeye yu macho. Akisinzia, damu inatoka tena. Hapo umekwisha pata mandhari: mama anayepambana na usingizi usiku wa tatu kwa ajili ya mguu wa mwanawe.

*-ka-* ni ngazi. Haipendi kuanza safari peke yake. Mtu akiingia barazani na kusema "akaondoka", utamuuliza: baada ya nini? Inahitaji tukio la kuegemea, na kwa kawaida ni lile la -li-. Basi pale Kauli anayetaka kutembea ndani ya wakati uliopita hutia nanga kwa -li-, kisha hupanda kwa -ka- moja baada ya nyingine: nilifika, nikaona, nikashika. Akiruka kipandio kimoja, hubaki kati ya matukio mawili, asionekane jana wala leo.

*-ta-* ni ahadi, na ahadi ni deni. Kila -ta- ya mneni hukopa kutoka katika siku zake mwenyewe. "Mvua itanyesha" hunyesha, na unywele mmoja zaidi unageuka mvi.

*-nge-* na *-ngali-* usiziweke kapu moja. "Ningekuwa na mashua ningevuka" bado ina tumaini, kwani mashua inaweza kupatikana. "Ningalikuwa na mashua ningalivuka" imefunga hesabu, kwa kuwa nafasi imepita. Mneni wa -nge- hufungua njia. Mneni wa -ngali- huonyeshwa njia ambayo hakuipita, tangu mwanzo mpaka mwisho, na haruhusiwi kuikanyaga. Wahenga walisema majuto ni mjukuu, na pale kisiwani majuto ndiyo malipo ya -ngali-. Ukumbuke pia kwamba mitaani watu wengi huchanganya -nge-, -ngeli- na -ngali-. Usiwabeze, itumie hali hiyo: kijana wa mjini anasema -nge- mahali pa -ngali-, na bila kukusudia anafungua njia ambayo wazee waliifunga.

*hu-* ni ya kuogopwa. Tazama umbo lake: "jua huchomoza", "maji huteremka", "mtu hufa". Haina kiambishi cha nafsi, kwa hiyo tendo halina mwenyewe. Haina hata ukanusho wa kwake. Ukitaka kuikana unalazimika kuazima umbo jingine la kitenzi. Kinachosemwa kwa hu- huwa desturi ya dunia, na hakuna wa kumshitaki. Ndiyo maana pale Kauli hu- imepigwa marufuku kwa waneni wote. Yule aliyewahi kusema "mto huu hukauka" hakumbukwi tena kwa jina, bali mto haujawahi kurudi.

*-ja-* na *-ku-* umekwisha kuzikuta kibarazani: mneni wa -ja- huliacha jambo wazi lisifike mwisho, na mneni wa -ku- hulifunga.

Usisahau urejeshi usio na wakati. Tunasema aliyekuja, anayekuja na atakayekuja. Tunasema pia "ajaye", na huyo hajulikani kama amekwisha kuja, yuko njiani au bado. Kama unatafuta jina la adui anayesimama nje ya wakati, lugha imekwisha kukupa.

Hatua ya tatu: weka mpaka wa umbali

John Mbiti, mwanafalsafa na mwanateolojia wa Kenya, alitumia maneno ya Kiswahili "Sasa" na "Zamani" katika kitabu chake cha mwaka 1969, *African Religions and Philosophy*, akidai kwamba katika fikra za jadi za Kiafrika wakati ujao wa mbali karibu haupo. Aliegemea, pamoja na mengine, nyakati za vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu. Wanafalsafa wengine wamempinga vikali, na wewe huna haja ya kuuamua ugomvi huo. Lichukue swali lake tu: lugha ya ulimwengu wako inaona mbele umbali gani, na nyuma umbali gani?

Kiswahili kina kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo, yaani siku ya nne kutoka leo. Nyuma kina jana na juzi. Ukizidi hapo unaingia katika "majuzi", neno lisilo na tarehe. Hiyo ni kanuni tayari imepikwa. Mneni wa Kauli huona siku 4 mbele na hufika siku 2 nyuma, basi. Jambo la siku ya tatu iliyopita limetoka mikononi mwake.

Kisha uangalie siku inaanza lini. Kwa hesabu ya pwani, siku mpya huingia jua linapotua, na usiku wa Ijumaa ndio ule unaotangulia mchana wa Ijumaa. Maana yake ni kwamba kila magharibi "juzi" inasogea. Shujaa wako akitaka kulifikia tukio la juzi, ana mpaka jua lizame. Hapo huhitaji tena kutafuta namna ya kuharakisha hadithi, jua litakufanyia.

Ukipenda kalenda nzima, tazama Nairuzi, mwaka wa jua wa Waswahili, ambao watu wa Makunduchi, kusini mwa Unguja, huuadhimisha mwezi Julai kwa Mwaka Kogwa. Hesabu yake ya jadi huenda kwa miongo ya siku kumi kumi. Katika siku 365 hupatikana miongo 36, na siku 5 zinabaki pembeni. Pale Kauli siku hizo 5 hazina uneni. Kila mtu anasema atakavyo, na hakuna kinachotokea.

Hatua ya nne: acha kauli ya kutendua iamue kisichorudi

Swali gumu kuliko yote katika hadithi za wakati ni hili: nini kinaweza kutenguliwa? Waandishi wengi hujibu kwa kubahatisha. Wewe iulize sarufi. Tunafunga na kufungua, tunakunja na kukunjua, tunatega na kutegua, tunaanika na kuanua, tunafukia na kufukua. Vitenzi hivyo vimezaliwa na njia ya kurudi. Lakini kupika hakuna "kupikua". Kuzaa hakuna kinyume cha namna hiyo. Kuua hakuna, kufa hakuna. Unaweza kufukua ulichofukia, bali aliyekufa hana kitenzi cha kumrudisha.

Na kuna kimoja zaidi, ambacho mneni hufundishwa siku ya kwanza: kusema nako hakuna kutendua. Hakuna "kusemua". Maji yakimwagika hayazoleki. Uneni wote unatokana na kitenzi ambacho chenyewe hakiwezi kurudishwa.

Wasomaji wetu wengi, Waislamu kwa Wakristo, wanaamini kwamba kuamuru kitu kiwe, nacho kikawa kutoka patupu, ni kwa Mungu peke yake. Ukiiheshimu imani hiyo utapata na kanuni nzuri: mneni haumbi. Anapinda, anachelewesha, anatangulia, anafunga. Hawezi kuleta kisichokuwapo.

Hatua ya tano: weka malipo na shahidi

Malipo yawe ya aina moja na uganga wenyewe. Anayechezea wakati alipe kwa wakati: miaka yake, usingizi wake, kumbukumbu zake. Mfuko wa dhahabu hauumi mtu kama asubuhi moja ya utotoni iliyofutika.

Shahidi nampenda zaidi, kwa kuwa tumemkuta katika ngano. Msimulizi husema "Paukwa!" na hasogei mpaka hadhira ijibu "Pakawa!" Sikiliza jibu hilo: ndani yake -ka- inasikika, kana kwamba wasikilizaji wanaweka mguu wao kwenye ngazi ambayo msimulizi ameisimamisha. Bila wao hadithi haiendi. Basi pale Kauli uneni wa kufunga jambo haukamiliki mpaka mtu mwingine, anayehusika na jambo hilo, aurudie kwa kinywa chake na kwa hiari yake. Kanuni hii peke yake humzuia mneni asiwe dikteta, na humtia mtu wa pili ndani ya kila uamuzi.

Hatua ya sita: zijaribu kanuni katika kisa kimoja

Kabla ya kuanza riwaya, tunga kisa kifupi kinachozigonganisha kanuni zako. Changu ni hiki.

Mvuvi wa Kauli alitoka na ngalawa yake usiku wa bamvua. Siku ya tatu wazee wakaja na mikeka yao. Mkewe alikuwa mneni, naye alijua kwamba juzi imekwisha kupita, hawezi tena kufika usiku ule. Mzee mmoja akafungua kinywa: "Mwanangu, mumeo haku..." Mke akamkata kabla hajamaliza. "Hajarudi," alisema, na maneno yakatua juu ya paa.

Bahari haikuweza kufunga hesabu. Lakini -ja- haichagui. Chini ya paa lile wali haujaiva, kuku hawajaangua, na mtoto wa miaka sita hajang'oa jino lake la kwanza. Watoto wa jirani walirefuka, wakabalehe, wakaanza kwenda baharini. Mwanawe alibaki wa miaka sita, jino likimtikisika kinywani. Mwaka wa saba alimuuliza, "Mama, mimi nitakua lini?" Mama akatafuta -ta- ya kumjibu, hakuipata.

Alikwenda ufukweni na mavyaa wake, mama wa yule mvuvi, kwa kuwa hapakuwa na shahidi mwingine mwenye haki. Akasema, "Hakurudi." Bibi yule alisimama na maji mpaka vifundoni tangu adhuhuri. Jua lilipogusa bahari, naye akasema, "Mwanangu hakurudi."

Waliporudi nyumbani wali ulikuwa umeungua. Asubuhi mtoto alikuja na jino mkononi.

Sasa kikague. Hakuna kanuni iliyozaliwa mwishoni ili kumwokoa mtu. Mpaka wa juzi ulimfungia mke njia ya nyuma. Ukosefu wa kitenzi cha kutendua kufa ulimfungia njia ya kumrudisha. -ja- ilimpa alichotaka na ikamtoza kwa sarafu ya wakati. Shahidi aliufanya uamuzi uwe wa wanawake wawili. Kisa chako kikifanya kazi hivyo, kanuni zako zimekomaa. Kikikwama, punguza kanuni. Usiongeze.

Makosa ya kuepuka

La kwanza, kugeuza riwaya kuwa somo la sarufi. Msomaji asikutane na neno "kiambishi" mdomoni mwa mhusika. Mwonyeshe kosa na matokeo yake, atafahamu mwenyewe.

La pili, kuvunja kanuni kwa sababu unampenda mhusika. Mhusika unayempenda ndiye anayepaswa kuumizwa na kanuni kuliko wote, maana hapo ndipo msomaji anapojua kwamba ulimaanisha.

La tatu, uzembe katika masimulizi yako mwenyewe. Katika kitabu ambamo silabi moja inapinda wakati, kila -me- uliyoiweka mahali pa -li- ni ahadi ya uongo kwa msomaji. Ukimaliza rasimu, ichapishe, uzungushie kila kiambishi cha wakati kwa kalamu, ujiulize kwa nini si kingine. Ni kazi ya siku nyingi, na hakuna njia ya mkato.

Usiku wa leo

Usianze na ramani ya ulimwengu wako wala nasaba ya wafalme wake. Mfikirie mtu mmoja uliyempoteza, au jambo moja ulilolingoja na halikuja. Andika juu yake sentensi moja yenye -ja-. Chini yake iandike tena, sasa kwa -ku-. Mkono wako ukisita kabla ya kuikamilisha hiyo ya pili, uache usite, kisha andika ni nini kilichouzuia. Hiyo ndiyo kanuni ya kwanza ya ulimwengu wako, na hakuna mwingine awezaye kukutungia.